Nakala ya Kinyonga, Sehemu ya Tisa: Kovu la Pasi

"Wewe ni nani? Mwanangu niko naye kwenye simu nyingine."

Hapo ndipo tulipokomea Jumapili iliyopita, na najua wapo waliolikunja gazeti wakalirusha chini ya kiti kwa hasira. Mmoja kanitumia ujumbe: "Mwandishi, una roho mbaya." Sikatai. Lakini leo hatuna nafasi ya kubishana, maana dada wa watu, Kinyonga, bado amesimama katikati ya chumba cha kuhariri, simu sikioni, na aliyemuuliza hivyo ni mama yake mzazi.

Kwa aliyejiunga nasi leo, nasema mara moja na sirudii. Kinyonga ni msanii. Hachori wala haimbi. Hujirekodi kwa video, kisha husimama mbele ya watu na kuvaa nyuso: leo mzee, kesho askari, keshokutwa bibi harusi, nyuso zilizotengenezwa na kompyuta na kumulikwa juu ya uso wake mwenyewe. Kwa miaka saba, kila asubuhi, amekaa mbele ya kamera akasema ukweli mmoja juu yake. Mtambo ukalishwa video hizo zote. Ukajifunza uso wake, sauti yake na namna anavyovuta pumzi kabla ya kucheka.

Mtambo huo wakauita Nakala. Onyesho ni kesho: Kinyonga na Nakala jukwaani, watazamaji waulizwe yupi ni yupi. Aliyeujenga ni fundi wa kompyuta anayeitwa Nywila, na leo ni siku ya nne Nywila haonekani, wala Nakala haionekani.

Haya, twende.

"Mama," Kinyonga alisema, "ni mimi. Kitinda."

Hilo ndilo jina lake la nyumbani, maana ndiye kitindamimba. Hakuna mtu wa sanaa anayelijua.

"Kitinda ni huyu ninayeongea naye," mama alijibu taratibu, kwa sauti ya mtu anayemwelekeza mpita njia. Kisha akaigeukia ile simu nyingine. "Ngoja kidogo, mwanangu. Kuna mtu hapa anajifanya wewe."

Kinyonga akasikia, kwa mbali, viganja viwili vikigongana mara moja. Pa!

Kisha akajisikia mwenyewe akiongea.

"Mkatie, mama. Ndiye yule niliyekuonya. Hiyo ni mashine."

Simu ikakatika.

Kinyonga akabaki ameishika. Sauti aliyoisikia haikuwa ya kufanana na yake. Ilikuwa yake, pamoja na kile kikwaruzo anachokuwa nacho asubuhi kabla hajanywa maji.

"Mkasi," akaita. "Mkasi, njoo!"

Mkasi ndiye mhariri wake wa video, na jina hilo kalipata kazini. Miaka saba mwanamke huyu amekata na kuunga kila picha ya Kinyonga. Alivua spika za masikioni, akageuza kiti.

"Nakala ipo kwa mama. Inaongea naye sasa hivi."

"Acha utani."

"Nimeisikia kwa masikio yangu. Imepiga makofi, halafu ikaongea."

Mkasi hakuuliza ni makofi gani. Hapo ndipo Kinyonga alipomkazia macho, maana mtu asiye na habari huuliza.

"Makofi sikuyakata," Mkasi alisema polepole.

Nifafanue kidogo, halafu tukimbie. Katika kazi yao, kamera hurekodi picha na kinasa sauti hurekodi sauti, kila kimoja kivyake. Ili baadaye viende pamoja, anayerekodiwa hupiga makofi mara moja mbele ya kamera kabla hajafungua mdomo. Mhariri huona viganja vikikutana, husikia mlio, huviweka sambamba, kisha huikata sehemu ile na kuitupa. Mtazamaji haioni kamwe.

"Nywila alizitaka video zote kwa haraka," Mkasi aliendelea. "Nikampa zilivyo, mbichi. Nani angefikiri? Mtambo umekuona mara elfu mbili na mia tano ukipiga makofi kabla ya kusema neno. Umedhani ndivyo binadamu anavyoanza kuongea."

Siku nyingine wangecheka mpaka wakae chini. Leo hakuna aliyecheka.

"Nani anaiendesha?"

"Sijui."

"Nywila?"

"Nimekwambia sijui! Kimbia kwa mama yako. Mimi nabaki hapa nimtafute Nywila."

Kinyonga hakungoja aambiwe mara mbili. Alitoka na kandambili za kazini, akadandia pikipiki ya kwanza aliyoiona, na njia nzima alikuwa akipiga namba ya mama. Haipatikani. Haipatikani. Haipatikani.

Mwenzangu, huenda unajiuliza hofu yote hiyo ya nini, ilhali mashine haina mikono. Basi mjue mama huyu. Ni mjane, anaishi peke yake, na macho yake yote mawili yana mtoto wa jicho. Anaona mwanga, anaona kivuli, basi. Mtu kama huyo hutambua watu kwa masikio. Ukimwibia sauti ya mwanawe umemwibia mwana mzima.

Saa nne kasorobo Kinyonga alikuwa mlangoni. Ni nyumba ya mwisho uchochoroni, mlango wa mbao uliopakwa kijani, kitasa kimelegea tangu baba yake alipokuwa hai. Akausukuma. Umefungwa kwa komeo ndani. Mama huyu hafungi komeo mchana, hajawahi.

"Hodi! Mama, ni mimi!"

Ndani kulikuwa na hatua. Zikasimama.

"Nilijua utakuja," mama alisema, upande wa pili wa ubao. "Mwanangu kaniambia utakuja, tena utakuja na sauti yake."

"Mama, mwanao ndiye mimi."

"Naye kasema utasema hivyohivyo."

Kinyonga akaligonga dirisha la pembeni.

"Chungulia dirishani unione."

"Nikuone kwa macho gani?" mama aliuliza, na sauti yake ikapungua ukali. "Kama ni wewe, mbona hukupiga makofi? Mwanangu wa siku hizi hupiga makofi kabla ya kunisalimia. Nilimuuliza, akasema ni mambo yao ya sanaa. Piga basi nisikie."

Mtoto wa mtu atafanya nini? Kinyonga akanyoosha mikono mbele ya mlango uliofungwa, akapiga. Pa!

Na kutoka ndani ya nyumba, juu ya meza ya mama yake, likamjibu kofi lingine. Pa!

"Haya," mama alisema kwa uchovu. "Sasa ninao wawili."

"Mama, iko wapi hiyo simu?"

"Si ile ya kupangusa uliyoniletea. Aliyoniletea. Alimtuma mtu na bahasha, akasema nisihangaike kubonyeza, inajipokea yenyewe. Mwezi wa pili sasa. Hunipigia kila asubuhi kabla sijanywa chai. Ananiuliza nimelalaje. Ananiuliza habari za utotoni mwake, alitembea lini, alikuwa anaogopa nini, nani alimfundisha kufunga kamba za viatu." Mama akagonga ubao kwa kidole. "Wewe, kama ndiye wewe, ulinipigia lini mara ya mwisho?"

Wasomaji wangu, swali hilo lilimpata pale pale. Mara ya mwisho ilikuwa miezi miwili na ushei iliyopita, na siku ile alikata haraka kwa sababu taa za studio zilikuwa tayari. Tangu hapo ni maandalizi, maandalizi, maandalizi. Aliona aibu mpaka masikio yakamchoma, na chini ya aibu hofu ikazidi, maana aliielewa sasa ile mashine inatafuta nini. Video zake miaka saba zilikuwa za mtu mzima. Nakala ilikuwa na Kinyonga. Haikuwa na Kitinda.

"Umeiambia nini, mama?"

"Kila kitu. Alikuwa anauliza vizuri."

"Usiiambie tena. Fungua mlango, nakuomba."

"Siwezi. Saa nne gari linakuja kunipeleka kwa daktari wa macho. Kapanga kila kitu. Begi langu ninalo hapa."

Miadi ya daktari wa macho ni mwezi ujao. Kinyonga mwenyewe ndiye aliyeiandika ukutani, kwa herufi kubwa ambazo mama hawezi kuzisoma.

Kabla hajajibu, gari jeupe liliingia uchochoroni kinyumenyume na kusimama hatua kumi kutoka mlangoni. Akashuka mwanamume wa makamo, shati limenyooka vizuri, anatembea kwa adabu.

"Samahani, dada. Nimemfuata bi mkubwa."

"Nani kakutuma?"

"Binti yake. Kanipigia jana, kanipigia na leo asubuhi." Dereva akamkazia macho, kisha akainamisha kichwa kama anayesikiliza wimbo alioufahamu. "Samahani. Si ni wewe uliyenipigia?"

"Aliyekupigia, alipiga makofi kwanza?"

Dereva akarudi nyuma hatua moja. "Umejuaje?"

"Unampeleka wapi?"

"Hapa." Akatoa simu yake, akaonyesha ramani. "Nimeambiwa mlango wa pili kushoto, ghorofa ya kwanza. Nimeambiwa pia kwamba nitamkuta mlangoni binti mwingine, hana akili timamu, nisimsikilize. Nimeambiwa nisiogope, hapigi mtu."

Kinyonga hakusikia matusi hayo. Alikuwa anatazama ramani. Haikuwa hospitali. Ilikuwa chumba cha kuhariri, ule mlango alioutoka nusu saa iliyopita akamwacha Mkasi ndani peke yake.

*Mimi nabaki hapa nimtafute Nywila.*

Wahenga walisema kikulacho ki nguoni mwako, na dada huyu alihisi nguo zake zote zinawasha. Lakini hapakuwa na muda wa kumlaumu mtu, kwa maana ndani ya nyumba ile sauti yake iliongea tena, kwa utulivu na upendo mwingi.

Pa! "Mama, gari limefika. Pitia mlango wa uani. Dereva atakuzungukia."

"Sawa, mwanangu."

Mkwaruzo wa begi likiinuliwa ukasikika. Uani kwa mama kuna ukuta mrefu uliopandwa vipande vya chupa juu, na geti lake linafungukia barabara ya nyuma. Dereva akatazama gari, akamtazama Kinyonga. Alikuwa mtu mwema, na mtu mwema akishaagizwa ni vigumu kumgeuza.

"Mama!" Kinyonga alipiga mlango kwa viganja vyote. "Mama, usiende! Niulize kitu! Niulize kitu chochote!"

Mkwaruzo ukanyamaza.

"Naye pia kasema niulize chochote," mama alisema. "Jana nilimuuliza jina la kuku wetu wa kwanza, akalijua."

"Basi tuulize wote wawili. Swali moja."

Mama huyu haoni, lakini hakuwa mjinga hata siku moja.  Begi likawekwa chini.

"Haya. Lile kovu la begani. Mlilipataje?"

Mashine haina haja ya kukumbuka, nayo ikawahi.

Pa! "Nilikuwa na miaka sita. Ulikuwa unapiga pasi nguo za watu. Nikauvuta waya wa pasi nikicheza, pasi ikaniangukia. Ulilia kuliko mimi, mama."

Kinyonga aliyajua maneno hayo. Aliyasema mwenyewe mbele ya kamera, mwaka wa tatu, siku aliyovaa blauzi ya bluu, na alipomaliza Mkasi alijifuta machozi. Ndiyo hadithi ya familia nzima. Ndivyo alivyoambiwa baba, ndivyo walivyoambiwa shangazi, ndivyo alivyoambiwa daktari aliyelifunga bega.

"Na wewe wa mlangoni?" mama aliuliza.

Akisema vilevile, atakuwa mwangwi tu, na mama ataondoka na yule aliyejibu kwanza. Akisema vingine, basi itabidi aseme jambo ambalo hajamwambia mtu chini ya jua. Katika miaka saba ya kuiambia kamera ukweli, aliidanganya mara moja tu, nayo ilikuwa siku ile ya blauzi ya bluu. Na ile simu ipo mezani, inasikiliza.

"Jibu, dada," dereva alinong'ona. Hata yeye alikuwa amekunja mikono kifuani.

Mficha uchi hazai. Kinyonga akaegemeza paji la uso kwenye mbao.

"Sikuvuta waya, mama."

Akaendelea kabla hajakatazwa.

"Ulikuwa umesimama tangu alfajiri. Mashuka ya nyumba ya wageni, marundo mawili, na yalitakiwa siku ileile. Mimi nilichoka kucheza peke yangu nikaja kukukumbatia. Ukasinzia umesimama. Pasi ilikuwa mkononi mwako, mkono ukashuka. Nilikuwa nakutazama. Macho yako yalikuwa yamefumba."

"Nyamaza," mama alisema.

"Baba alipoingia ukamwambia nimevuta waya. Akaniuliza mimi. Wewe uliniangalia, mama. Nikasema ndiyo, nimevuta."

"Nyamaza, nimesema."

"Akanichapa kwa utundu, na bega bado linaungua. Sikukuchukia. Nilikuwa nimeona vile ulivyochoka. Miaka thelathini na moja sijamwambia mtu, hata kamera nimeidanganya, kwa sababu sikutaka ujue kwamba najua."

Akaishiwa nguvu. Hakuwa na zaidi ya hilo. Kila kitu kingine alikuwa ameshaipa mashine kwa hiari yake, asubuhi baada ya asubuhi, akaita sanaa.

Komeo likavutwa.

Mlango ulifunguka polepole na mama akasimama pale, kanga ya kutokea mabegani, kichwa kimeinama upande kama anavyofanya akitafuta mwanga. Alinyoosha mkono, akapapasa shingo ya mwanawe, akashuka begani, akaingiza vidole viwili chini ya ukosi wa blauzi. Vikalipata. Ni kovu lenye ncha mbele kama pasi yenyewe, na vidole vya mama vililifuata ukingo wake wote taratibu mpaka vikarudi vilipoanzia.

"Ulijua," alisema. "Siku zote hizo ulijua."

"Nilijua."

Mama akafungua mdomo. Kuna neno moja ambalo Kinyonga alikuwa amelisubiri tangu akiwa na miaka sita, na alilitazama likija. Lilifika midomoni. Midomo ikatetemeka, ikafumba, na mama akamvuta kifuani badala ya kusema. Kinyonga alijikaza, akaridhika na hicho. Angalau mlango umefunguka, mama haendi popote, na dereva wa watu alikuwa amegeuza uso akijifanya anatafuta funguo.

Pa!

Wote watatu wakashtuka. Sauti ilitoka ndani, juu ya meza, karibu na kikombe cha chai ambacho mama hakukimaliza.

"Asante, Kitinda," ilisema sauti ya Kinyonga. "Hilo sikuwa nalo."

Maji yakimwagika hayazoleki, na maneno ndiyo kabisa.  Kwa mara ya kwanza Kinyonga akawaza kwamba huenda gari, komeo, mlango wa uani na ile saa nne vyote vilipangwa kwa ajili ya hilo tu: kumsukuma mpaka ukutani, atoe kitu cha mwisho alichokuwa amebakiza.

"Nywila!" alipiga kelele. "Nywila, ni wewe? Mkasi? Nani yuko hapo?"

Simu haikujibu. Mwanga wake ulikuwa unawaka tu, na kwenye kioo uso wake ulikuwa unamtazama, umetulia, umeinamisha kichwa upande kidogo. Kinyonga hainamishi kichwa hivyo. Anayeinamisha hivyo ni mama.

Hakuomba ruhusa. Akaingia, akaikwapua, akaitumbukiza kwenye ndoo ya maji iliyokuwa pembeni ya meza. Uso ukatetemeka chini ya maji, ukawa mistari, ukazimika. Viputo viwili vikapanda juu.

"Alhamdulillahi," dereva alisema mlangoni.

"Imekufa?" mama aliuliza.

"Imekufa."

"Alikuwa ananiuliza nimelalaje," mama alisema, na ilikuwa vigumu kujua analalamika au anaomboleza. Akapapasa mpaka akaupata mkono wa mwanawe, akaukamata kwa nguvu. "Kitinda. Nina jambo nataka kukwambia. Nipe muda kidogo nilipange."

"Chukua muda wako, mama."

Wakakaa kitandani, wawili, bega kwa bega. Dereva alibaki kizingitini, hajui aondoke au abaki. Mama akavuta pumzi. Kinyonga akasubiri.

Ndipo mfuko wake ulipotetemeka.

Akaitoa simu yake. Alidhani ni Mkasi, na alikuwa ameshaandaa maneno makali ya kumpa. Lakini jina lililoandikwa kwenye kioo lilikuwa *Mama*.

Mama alikuwa hapa, mkono wake ndani ya mkono wa mwanawe. Simu yake ndogo ya vitufe ilikuwa pale juu ya mto, nyeusi, imezimwa.

"Usipokee, dada," dereva alisema.

Kinyonga akapokea.

Pa!

"Kitinda, mwanangu."

Ilikuwa sauti ya mama yake. Si ya kufanana. Miezi miwili ya mazungumzo kila asubuhi kabla ya chai, na yote yalikuwa mle, pamoja na ile pumzi anayoivuta kabla ya neno zito.

"Nisamehe," sauti ilisema. "Nilisinzia. Nilikuunguza mimi, nikakuachia mzigo wangu ukiwa mtoto mdogo. Nisamehe sana."

Kitandani, mama akainua kichwa. Masikio yake hayakosi kitu. Vidole vyake vikaanza kulegea katika mkono wa mwanawe, kimoja kimoja.

"Nani huyo," alinong'ona, "anayelisema neno langu kabla yangu?"

Kinyonga alijua anachopaswa kufanya. Ndoo ilikuwa hatua mbili tu kutoka alipokaa. Machozi yalikuwa yanamtiririka, yale ya miaka thelathini na moja, na simu alikuwa ameibana sikioni kwa mikono yote miwili.

"Endelea, mama," akaiambia simu.